Sevu kwanza: Unachopaswa kujua kabla ya kuandika amri za konsoli kwenye gemu

Kama umewahi kukaa Mitaboni likizo ya Desemba ukisubiri matokeo ya KCSE, unajua siku inavyoweza kuwa ndefu. Maji umeshachota asubuhi, muthokoi umekula kwa susu, palizi imeisha, na kwenda Machakos mjini kunataka nauli ambayo huna. Kinachobaki ni laptopu.

Ile tuliyokuwa nayo ilikuwa ya binamu yangu, ex-UK aliyonunua Nairobi kwa pesa za kibarua. Ndani yake mlikuwa na gemu moja ya maana, The Elder Scrolls V: Skyrim. Acha nikueleze kosa nililofanya kwenye laptopu hiyo, kisha nikuonyeshe jinsi wewe utakavyoliepuka.

Binamu alikuwa ameenda Kathiani kufuatilia kitambulisho chake. Aliniachia laptopu kwa sharti moja, nisiguse mchezo wake, nianzishe wangu. Mhusika wake alikuwa ameishi saa 90. Alikuwa amefika kiwango cha 42, ana nyumba Whiterun, na Lydia, yule mlinzi anayekufuata kila mahali, alikuwa bado hai. Wanaocheza wanajua kwamba kumfikisha Lydia kiwango cha 42 akiwa hai si mchezo.

Mimi nilikuwa na daftari. Kwenye kurasa za mwisho nilikuwa nimenakili amri za konsoli kutoka kwa jamaa mmoja wa saiba, vile ndugu zetu wakubwa walivyokuwa wakinakili HESOYAM ya GTA San Andreas ili wapate dola 250,000 za bure. Nikafungua mchezo wa binamu badala ya wangu. Nikaandika herufi nne, caqs, nikabonyeza Enter.

Amri hiyo inakamilisha misheni zote za gemu kwa mpigo. Ujumbe ukaanza kumiminika kwenye skrini, mmoja juu ya mwingine, laptopu ikaganda kwa muda. Ilipozinduka, kila kitu kilikuwa kimeisha, hata misheni zinazopingana ambazo mtu mmoja hawezi kuzimaliza zote. Nikaogopa. Kwa kudhani nitarekebisha, nikabonyeza F5. Kisha nikalala kwenye kitanda cha gemu, nikasafiri mji mwingine, nikasubiri kukuche. Sikujua kwamba kila hatua kama hiyo gemu inajisevu yenyewe, ikiandika juu ya sevu za zamani. Binamu naye alikuwa mtu wa F5 tu. Sevu pekee aliyoiweka kwa mkono ilikuwa ya kiwango cha 6.

Saa 90 zilienda hivyo, kabla hata matatu haijamrudisha kutoka Kathiani.

Konsoli ni nini hasa?

Hapa simaanishi PlayStation au Xbox, ingawa nazo huitwa konsoli. Namaanisha kile kidirisha cheusi kinachofunguka ndani ya gemu, unapoandika amri na gemu inatii. Kwenye Skyrim kipo katika toleo la kompyuta tu. Ukicheza kwenye PlayStation, Xbox au Switch, hutakipata.

Kitufe chake ni kile kilicho chini ya Esc, kushoto kwa namba 1. Kwenye kibodi ya Kimarekani kina alama ya ~. Laptopu nyingi za ex-UK zina kibodi ya Kiingereza, na hapo alama ya ~ imehamishiwa kwingine, kwa hivyo usihangaike kuitafuta. Angalia mahali, usiangalie alama. Ukikibonyeza, gemu inasimama na mstari wa kuandikia unatokea chini ya skrini. Ukikibonyeza tena, gemu inaendelea.

Kwa nini watengenezaji waache kitu kama hicho ndani ya gemu? Kwa sababu ni chombo chao cha kazi. Fikiria fundi anayejenga nyumba ya ghorofa. Hawezi kupanda ngazi zote kila anapotaka kukagua dirisha moja, kwa hivyo anaweka jukwaa la mbao nje ya ukuta. Konsoli ndiyo jukwaa hilo. Anayetaka kupima joka mmoja hawezi kucheza saa 20 ndipo amfikie. Anaandika amri, yuko hapo. Wachezaji wengi walizoea kuiona tangu Quake ya mwaka 1996, iliyotengenezwa na id Software. Skyrim ilipotoka tarehe 11 Novemba 2011, Bethesda waliacha jukwaa lao likiwa limesimama, na sisi tukapanda.

Kuna hata ghala la mafundi. Ukiandika coc qasmoke unatupwa kwenye chumba ambacho hakimo kwenye ramani, kilichojaa makasha yenye vitu vya gemu nzima: panga, nguo, vitabu, dawa. Kwenye laptopu dhaifu chumba hicho huchukua muda kufunguka, kwa hivyo usidhani imekufa. Kutoka, andika coc riverwood na utajikuta kijijini Riverwood.

Sarufi yake unaijua tayari

Wengi hukariri amri kama mantra. Usifanye hivyo. Ukielewa mpangilio wake, hutahitaji daftari kama langu. Angalia hii:

player.additem f 1000

Mwalimu wako wa Kiswahili angekuuliza: kiima kiko wapi? Ni player, yaani mchezaji, wewe. Kitenzi? Ni additem, ongeza kitu. Yambwa je? Ni f. Na 1000 ni idadi. Nukta iliyo katikati inamuunganisha mtendaji na tendo lake. Kwa hivyo sentensi nzima ni hii: mchezaji aongezewe f, elfu moja. F ni dhahabu, pesa ya gemu hiyo.

Kwa nini dhahabu iitwe f? Kama ulisoma somo la Kompyuta hadi Kidato cha Tatu, unaikumbuka mada ya mifumo ya namba. Kwenye kompyuta namba mara nyingi huandikwa kwa msingi wa 16 badala ya 10. Baada ya 9 hakuna tarakimu zaidi, zinaazimwa herufi: a ni 10, b ni 11, hivyo hivyo hadi f ambayo ni 15. Kila kitu ndani ya Skyrim kina namba ya namna hiyo, yenye nafasi nane. Dhahabu ni 0000000f, na zile sifuri za mbele unaweza kuziacha. Kile kichuma cha kufungulia kufuli ni 0000000a, yaani 10. Upanga wa chuma wa kawaida ni 00012eb7. Ile mada uliyoona haina kazi yoyote nje ya karatasi ya mtihani, hii hapa inafanya kazi mbele yako.

Kuna jambo moja zaidi la sarufi, na ndilo linalowaponza wengi. Konsoli ikiwa wazi, unaweza kubofya mtu au kitu kwa kipanya. Namba yake itatokea kwenye skrini, na amri utakayoandika bila player itamwendea yeye. Ukibofya mlango uliofungwa na kuandika unlock, unafunguka. Ukimbofya Lydia aliyekufa na kuandika resurrect, anainuka. Lakini ukidhani umembofya jambazi kumbe umembofya mfanyabiashara, ukaandika kill, basi duka limefungwa. Soma jina na namba kabla ya Enter. Kila mara.

Amri za kukutoa matatani

Skyrim inapendwa sana. Kufikia mwaka 2023 nakala zaidi ya milioni 60 zilikuwa zimeuzwa. Lakini pia inajulikana kwa hitilafu zake. Utaanguka katikati ya miamba miwili na kushindwa kutoka. Utamtafuta mtu wa misheni na kumbe amekwama chini ya ardhi. Hapo konsoli si wizi. Ni sawa na kuita fundi.

Umekwama kwenye mwamba? Andika tcl. Amri hii inazima ugumu wa vitu, kwa hivyo unapita katikati ya ukuta na hata kutembea hewani. Toka, simama mahali pazuri, uandike tcl tena ili dunia irudi kuwa ngumu. Ukisahau hiyo ya pili, utashangaa mbona unaelea.

Misheni imegoma? Mfano mzuri ni ile ya mauaji ya mji wa Windhelm, Blood on the Ice, ambayo imewachosha wachezaji tangu 2011 kwa kukwama njiani. Jina lake la ndani ni ms11. Anza na getstage ms11, uone umefika hatua gani. Kisha sqs ms11, uone hatua zote na zipi zimekamilika. Ni baada ya kusoma ndipo unaandika setstage ms11 ukifuatisha namba ya hatua inayofuata. Hatua moja tu. Ukiruka tatu kwa pamoja, unaweza kuacha nyuma mtu ambaye hakupata nafasi ya kusema alichopaswa kusema, na misheni ikakwama vibaya zaidi.

Hujui namba ya kitu? Andika help, kisha jina la kitu kwa Kiingereza ndani ya alama za kunukuu, kwa mfano help "iron sword". Konsoli yenyewe itakutafutia. Huhitaji bando la intaneti kwa hilo.

Unataka picha nzuri ya milima? Andika tfc 1, wakati unasimama na kamera inaruka huru. Ongeza tm ili maandishi yote yapotee. Ukimaliza, tm na tfc tena.

Kuna kitu kinakuzibia njia? Kibofye, andika disable, kitatoweka. Enable inakirudisha. Lakini kaa mbali na markfordelete kama hujui unachofanya, kwa sababu hiyo hairudishi.

Zile zinazokuibia wewe mwenyewe

Sasa tuje kwa zile tamu. Tgm inakufanya usife: afya haishi, nguvu haziishi, mzigo haukulemei. Player.setlevel inakupa kiwango unachotaka. Player.modav carryweight 500 inaongeza uwezo wako wa kubeba, ambao huanzia 300. Na ile ya dhahabu umeshaiona.

Sitakukataza. Gemu ni yako, unacheza peke yako, hakuna unayemdhulumu. Kama una saa moja tu ya stima kwa siku na unataka kuona hadithi, tgm si dhambi. Ila nikuambie nilichokiona nilipoanza mchezo wangu na kuiwasha siku ya kwanza.

Skyrim imejengwa juu ya kitu kimoja: unapata ujuzi kwa kuutumia. Ukipiga kwa upanga, mkono wako unazoea upanga. Ukifua chuma, unakuwa mhunzi. Joka la kwanza unalokutana nalo kwenye mnara wa magharibi, nje ya Whiterun, limewekwa hapo likukute ukiwa bado mchanga, mikono inatetemeka. Mimi nilisimama mbele yake nikiwa na tgm. Likanipulizia moto, nikaendelea kula muwa wangu kwa mkono mmoja. Lilipokufa sikuhisi chochote. Baada ya siku mbili nilikuwa na dhahabu milioni, silaha zote, na sikuwa na sababu ya kuamka asubuhi kuifungua ile laptopu. Gemu ambayo binamu aliishi ndani yake miezi, mimi niliimaliza ladha kwa siku mbili.

Rudi kwa binamu

Aliporudi kutoka Kathiani nilimwambia mwenyewe kabla hajafungua. Alinyamaza. Nikamwambia haraka haraka, "Kaka, usijali, naweza kuirudisha yote. Nakuwekea kiwango 42, silaha zile zile, dhahabu ile ile, hata ukitaka zaidi."

Alinitazama, akauliza, "Na zile usiku nilizokaa, utaniwekea kwa amri gani?"

Sikuwa na jibu. Konsoli ingeweza kurudisha kila namba iliyokuwa kwenye skrini ile. Lakini kwake zile namba zilikuwa kumbukumbu tu ya jambo lingine: usiku aliomaliza pango fulani betri ikiwa imebaki asilimia nne, siku aliyokaribia kumpoteza Lydia. Hizo hazina namba ya kuandikia amri. Akaanza upya kutoka kiwango cha 1. Aliikataa ile sevu ya kiwango cha 6 nayo, kwa hasira nadhani. Hakunigombeza, na hilo ndilo lililoniuma.

Wiki kadhaa baadaye aliniita. Alikuwa amefika Windhelm na ile misheni ya mauaji ilikuwa imegoma. Akasogea kando kwenye benchi, akanipa kibodi. "Wewe ndiye mtu wa konsoli," akasema. "Lakini sevu kwanza."

Tulisevu. Tukaandika getstage, tukasoma, tukasogeza hatua moja. Misheni ikafunguka. Nikafunga konsoli, nikamrudishia laptopu yake, akaendelea na safari yake kwa miguu yake.

Kanuni tano za kubandika ukutani

Kwanza, sevu kwa mkono kabla ya amri yoyote, na uipe jina lake. Konsoli yenyewe inakubali: andika save mitaboni1 na umemaliza. Usitegemee F5, kwa sababu kila unapoibonyeza inafuta ile ya mwanzo.

Pili, andika amri moja, funga konsoli, cheza dakika chache uone imefanya nini. Amri tano kwa mpigo zikiharibu kitu, hutajua ni ipi.

Tatu, usifanye majaribio kwenye mchezo wa mtu mwingine. Hata wa ndugu. Hasa wa ndugu.

Nne, konsoli imo ndani ya gemu tayari, hakuna kitu cha kupakua. Ukiona tovuti inayokuambia upakue faili fulani ndipo upate dhahabu isiyoisha, funga. Laptopu hiyo hiyo ndiyo utakayoingilia KUCCPS kuomba chuo, na nywila zako zote zimo humo.

Tano, mambo haya ni ya gemu unayocheza peke yako. Kwenye eFootball, PUBG Mobile au Call of Duty: Mobile, kutumia programu za hila ni kumwibia aliye upande wa pili, na akaunti yako inaweza kufungiwa ukapoteza kila ulichojenga.

Jukwaa linakupeleka wapi

Wazazi wengi wakikuona umeinamia kidirisha cheusi wanadhani unapoteza muda. Wakati mwingine wako sahihi. Lakini kama kilichokuvutia si dhahabu bali swali la "hii inafanyaje kazi?", usiliache lipoe.

Februari 2012 Bethesda walitoa Creation Kit bure kwa wenye Skyrim ya kompyuta. Hicho ndicho chombo walichotumia kuijenga dunia ile, na ndani yake kuna lugha ya programu inayoitwa Papyrus. Ile amri yetu ya dhahabu, kwa Papyrus inaandikwa hivi:

Game.GetPlayer().AddItem(Gold001, 1000)

Angalia vizuri. Mtendaji, nukta, tendo, kitu, idadi. Ni sentensi ile ile imevaa suti. Ukienda Python au JavaScript, utakuta nukta hiyo hiyo inafanya kazi hiyo hiyo. Tayari umevuka kizingiti ambacho wengi hukiogopa.

Na usidhani kutengeneza gemu ni kazi ya Wamarekani. Mwaka 2007 Mkenya Wesley Kirinya alitoa The Adventures of Nyangi, gemu ya 3D. Mwaka 2016 vijana wa Kiro'o Games, Yaoundé, Cameroon, walitoa Aurion, gemu ya kishujaa inayotokana na ngano za Kiafrika. Ukikaa Mitaboni jioni ukaitazama milima ya Iveti ikimezwa na ukungu, unajua kwamba hatukosi mahali pa kuweka joka. Tunakosa wa kuliandika.

Kwa hivyo fungua kidirisha hicho. Soma, jaribu, haribu, jifunze, lakini kwenye sevu yako. Gemu ikikwama, itengeneze. Ikiwa ngumu tu, vumilia kidogo kabla ya kuandika tgm, kwa sababu huenda ugumu huo ndio utakaousimulia kesho.

Binamu yangu sasa yuko kiwango cha 38. Lydia bado yuko hai. Mimi siruhusiwi kumgusa.